Tunalipa Nyumba Mbili ili Tupate Moja?



Kama kuna tamaa moja inayokaa katika moyo wa kila baba na kila mama wa jamaa, ni hii: kuwa na nyumba yao wenyewe. Mpangaji halali usingizi mzito. Mwenye nyumba akipandisha kodi, hana la kujibu. Akiitaka nyumba yake, mpangaji hufungasha vyombo na kuwashika watoto mkono. Tena kila akihama, kabla ya kukabidhiwa ufunguo, hutakiwa kutoa garanti ya miezi kadhaa. Fedha aliyoikusanya kwa jasho huishia mlangoni pa mwingine.

Basi si ajabu kwamba watu wengi hufurahi wasikiapo kuwa benki fulani, au ushirika fulani wa akiba, waweza kuwakopesha fedha za kujenga. Huambiwa: «Usihangaike, utalipa kidogo kidogo kila mwezi.» Neno hilo «kidogo kidogo» ni tamu masikioni. Lakini wazee wetu walikwisha kusema: kukopa harusi, kulipa matanga. Hatutaki kumtisha mtu, wala kusema kwamba kukopa ni ubaya. Twataka tu kukaa pamoja nanyi mezani, tushike kalamu na karatasi, tuhesabu nyumba ya deni yagharimu kiasi gani tangu siku ya kwanza mpaka siku ya mwisho.

Swali la Mama

Tuweke mbele ya macho yetu mtu na mkewe. Hawa si watu tunaowajua. Ni mfano tu, lakini twaamini kila msomaji ana jirani anayefanana nao. Baba ni karani katika kampuni moja mjini Bukavu. Mama huuza vitenge katika soko la Kadutu. Wana watoto wanne, na wa kwanza aitwa Furaha. Wanakaa katika nyumba ya kupanga kwa dola 115 kwa mwezi. Wana parseli yao, wana akiba ya dola 3,000, na nyumba wanayoitamani itagharimu dola 23,000. Wamepungukiwa basi na dola 20,000.

Jioni moja Baba arudi nyumbani na karatasi mkononi, uso unang’aa.

— Mama Furaha, leo tumepata! Benki imekubali. Watatupa dola ishirini elfu kwa miaka kumi na mitano, riba kumi na mbili kwa mia kwa mwaka. Kila mwezi tutalipa dola mia mbili arobaini tu.

— Pole na kazi, Baba Furaha, na asante kwa habari. Lakini mimi ni mtu wa soko. Nikichukua mzigo wa vitenge kwa deni, siulizi nitatoa ngapi leo. Nauliza nitakuwa nimetoa ngapi siku nitakapomaliza. Hiyo mia mbili arobaini, ukiihesabu kwa miezi yote, yafika wapi?

Baba achukua daftari ya shule ya Furaha, aandika. Miaka 15 ni miezi 180. Dola 240 mara 180 ni dola 43,200. Atazama hesabu yake, airudia mara ya pili, kisha akaa kimya.

— Kumbe, asema Mama kwa upole, tunalipa nyumba mbili ili tupate moja?

Swali la Mama ni la haki, nasi tutalijibu hatua kwa hatua. Dola 20,000 zarudishwa kwa mwenyewe; dola 23,200 ni riba, yaani malipo ya kutumia fedha ya mwingine kwa miaka 15. Riba peke yake yashinda mkopo wenyewe.

Kwa nini deni halishuki upesi

Wengi hudhani kwamba mtu akilipa theluthi ya miaka, amekwisha kulipa theluthi ya deni. Sivyo hata kidogo, na hapa ndipo watu wengi hushangaa.

Riba ya 12 kwa mia kwa mwaka ni sawa na 1 kwa mia kwa mwezi. Mwezi wa kwanza familia yetu yadaiwa dola 20,000 kamili. Moja kwa mia ya 20,000 ni dola 200. Basi katika zile dola 240 wanazolipa, dola 200 zakwenda kwenye riba, na dola 40 tu ndizo zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni ni dola 19,960. Riba ni dola 199 na senti 60. Deni lapungua tena dola 40 na senti kidogo. Ni kama mtu achotaye maji katika mtumbwi uliotoboka: atoa debe, na karibu debe zima laingia tena.

Baada ya miaka 5 watakuwa wamekwisha kutoa dola 14,400. Je, deni limebaki ngapi? Karibu dola 16,730! Katika fedha yote ile, karibu dola 11,130 zilikuwa riba, na 3,270 tu ndizo zilizopunguza deni. Yabidi wangoje mpaka mwaka wa kumi ili, katika malipo ya mwezi, sehemu inayopunguza deni iwe kubwa kuliko sehemu ya riba. Na nusu ya deni haiishi kabla ya miaka kumi na nusu.

Jambo hili si wizi, wala si ujanja uliofichwa. Ni hesabu ya kawaida ya mikopo mirefu mahali pote duniani. Lakini lina matokeo yake. Mtu aliyelipa kwa uaminifu miaka mitano, kisha akapoteza kazi na kushindwa kuendelea, hana theluthi ya nyumba mkononi. Ana deni ambalo limepungua kidogo tu, na nyumba iliyowekwa rehani.

Muda ndio bei

Twajua watu wengi wanaouliza riba ni ngapi, na hufanya vema. Lakini ni wachache wanaotambua kwamba urefu wa muda waweza kuwagharimu kama riba yenyewe. Tuchukue tena mkopo uleule wa dola 20,000 kwa riba ileile ya 12 kwa mia, tubadilishe miaka tu.

Kwa miaka 10: malipo ya mwezi ni dola 287, jumla ni dola 34,440, riba ni 14,440.

Kwa miaka 15: malipo ya mwezi ni dola 240; jumla ni dola 43,200; riba ni 23,200.

Kwa miaka 20: malipo ya mwezi ni dola 220, jumla ni dola 52,800, riba ni 32,800.

Tazameni vizuri. Anayetoka miaka 15 na kwenda miaka 20 apunguziwa dola 20 tu kwa mwezi, naye kwa ajili ya nafuu hiyo ndogo aongeza dola 9,600 juu ya bei ya nyumba. Lakini anayeweza kujikaza na kutoa dola 47 zaidi kila mwezi, akamaliza kwa miaka 10, aokoa dola 8,760. Fedha hiyo ni karo ya watoto kwa miaka mingi.

Hata aliyekwisha kutia sahihi aweza kujisaidia. Kama familia yetu ingeongeza dola 25 kila mwezi tangu mwanzo, ingemaliza deni kwa miezi 142 badala ya 180, nayo ingeokoa zaidi ya dola 5,700. Lakini kabla ya kufanya hivyo yafaa kusoma mkataba: benki nyingine hudai faini kwa mtu anayelipa mapema. Neno hilo liulizwe kabla ya kutia sahihi, si baadaye.

Neno «kwa mia» lina sura nyingi

Tuwaonye wasomaji wetu juu ya mambo mawili yanayowadanganya hata watu waliosoma.

La kwanza ni riba ya mwezi. Mtu aambiwa: «Riba yetu ni ndogo, 2 kwa mia tu.» Asipouliza «kwa mwaka au kwa mwezi?» ataumia. Mbili kwa mia kwa mwezi ni 24 kwa mia kwa mwaka. Mkopo wetu wa dola 20,000 kwa miaka 15, kwa riba hiyo, ungedai dola 411 na zaidi kila mwezi, na jumla yake ingepita dola 74,000. Hizo si bei ya nyumba mbili tena. Zapita bei ya nyumba tatu.

La pili ni namna ya kuihesabu riba. Kuna wakopeshaji wanaoihesabu juu ya deni lililobaki, kama tulivyofanya sisi hapo juu: deni likishuka, riba nayo hushuka. Wengine huihesabu juu ya mkopo mzima wa siku ya kwanza, mpaka mwisho, hata kama umekwisha kulipa sehemu kubwa. Kwa namna hiyo ya pili, 12 kwa mia ya dola 20,000 ni dola 2,400 kila mwaka. Kwa miaka 15 ni dola 36,000. Jumla ni dola 56,000, na malipo ya mwezi ni dola 311. Namba «12» ni ileile, lakini tofauti yafika dola 12,800. Kwa hiyo ulizeni sikuzote: «Riba hii yahesabiwa juu ya deni lililobaki, au juu ya mkopo wote?» Na ombeni karatasi inayoonyesha malipo ya kila mwezi, mmoja mmoja, na deni linalobaki baada ya kila malipo. Mkopeshaji mwaminifu hawezi kukataa kuitoa.

Juu ya riba kuna gharama nyingine ambazo hazitajwi katika matangazo: fedha ya kufungua faili, malipo ya mtu anayekuja kupima thamani ya nyumba, notari, kodi na malipo ya kuandikisha rehani, pamoja na bima. Ziandikwe zote katika karatasi moja, zijumlishwe, ndipo mtu aseme: «Hii ndiyo bei ya nyumba yangu.»

Mshahara wa faranga, deni la dola

Katika nchi yetu ya Kongo kuna hatari nyingine, na wazee wanaikumbuka vizuri.

Kulipia nyumba polepole si jambo geni kwetu. Mwaka 1952 Serikali ya wakati ule iliunda Office des Cités Africaines, ambayo watu waliizoea kwa jina la OCA. Ilijenga maelfu ya nyumba katika Léopoldville, Élisabethville, Stanleyville, Bukavu na Usumbura. Mitaa kama Bagira ya Bukavu, Ruashi ya Lubumbashi, Matete ya Kinshasa, na Ngagara ya Bujumbura, ilipata nyumba zake kwa njia hiyo. Mwaka 1955 ukaja pia Mfuko wa Mfalme, kuwasaidia wenye mapato madogo wapate makao. Watu wa siku zile walilipa nyumba kwa faranga, nao walipokea mshahara kwa faranga ileile.

Baadaye fedha yetu iliugua. Mwaka 1967 faranga 1,000 zikawa zaire moja. Mwaka 1993 zaire milioni 3 zikawa zaire mpya moja. Mwaka 1998 zaire mpya 100,000 zikawa faranga moja ya Kongo. Maana yake ni kwamba faranga moja ya mwaka 1998 ilichukua mahali pa zaire bilioni 300 za zamani. Wangapi waliweka akiba ya nyumba, wakaamka siku moja na kukuta haitoshi kununua hata bati moja! Tangu hapo mkopeshaji anayetoa fedha kwa miaka mingi hupenda kuitoa kwa dola, asije akarudishiwa karatasi zisizo na thamani. Hofu yake twaielewa. Lakini kwa mkopo wa dola hofu hiyo haipotei; yahamia begani mwa mkopaji.

Tumfikirie mtu aliyekopa dola mwaka 2015, kwa malipo ya dola 240 kwa mwezi, naye apata mshahara wa faranga. Mwaka ule dola moja ilikuwa kama faranga 920. Malipo yake yalikuwa kama faranga 220,000. Mwaka 2021 dola ilifika karibu faranga 2,000. Malipo yaleyale yakawa 480,000. Mwaka 2024 dola ilipita faranga 2,700. Malipo yakapita 648,000. Katika mkataba hakuna neno lililobadilika, hata nukta. Lakini kama mshahara wake haukupanda mara tatu katika miaka ile, deni lilikula kwanza nyama ya Jumapili, kisha viatu vya watoto, kisha karo.

Kwa hiyo twasema kwa nguvu: mtu akope kwa fedha ileile anayoipata. Anayelipwa kwa faranga asiingie katika deni la dola la miaka mingi, isipokuwa ana kipato kingine cha dola kilicho cha hakika.

Hati na rehani

Kuweka nyumba rehani ni kumwambia mkopeshaji: «Nikishindwa kulipa, nyumba hii itauzwa ili upate haki yako.» Nyumba yakaa kwako, walala ndani yake, wapanda maua mlangoni; lakini juu ya hati yake pameandikwa jina la mwingine pamoja na lako.

Kwa sheria ya ardhi ya mwaka 1973, ardhi ya Kongo ni mali ya Serikali, na raia hupewa haki ya kuitumia: Mkongomani aweza kuipata bila kikomo cha muda, wengine huipata kwa muda, mara nyingi miaka 25, nao huweza kuomba uongezwe. Haki hiyo huthibitishwa kwa certificat d’enregistrement, hati inayotolewa na konservateri wa ardhi. Rehani nayo huandikwa katika vitabu vyake. Watu wengi mijini wana fiche parcellaire tu, au karatasi ya mauzo iliyotiwa sahihi mbele ya mashahidi. Karatasi hizo zina kazi yake, lakini hazina nguvu ya hati ile. Asiye na hati hukataliwa mkopo mrefu, au hupelekwa kwa wakopeshaji wa muda mfupi wenye riba kali. Gharama ya kutafuta hati ni sehemu ya bei ya nyumba, nayo ihesabiwe mapema.

Mkopaji akishindwa, mkopeshaji hawezi kumtoa siku ileile kwa nguvu. Kuna barua za kumdai, kuna njia ya mahakama, kisha mnada. Lakini mnada hauna huruma. Nyumba iliyojengwa kwa dola 23,000 yaweza kuuzwa kwa bei ya chini kabisa, na kama fedha hiyo haitoshi kufunika deni, kilichobaki bado chadaiwa. Ndiyo maana tunawasihi: mtu anayeanza kushindwa asijifiche. Aende kwa mkopeshaji mwezi wa kwanza, si wa sita, aombe mpango mpya. Aliye kimya huongezewa faini juu ya riba.

Na je, baba akifa? Hili ndilo swali ambalo watu wengi huliona kuwa uchuro, nao hulipita. Sisi twaona kulipita ni ukatili kwa mjane na yatima. Kuna bima inayolipa deni lililobaki mkopaji akifariki. Kama ipo katika mkataba, mama na watoto wabaki na nyumba yao. Kama haipo, deni larithiwa pamoja na nyumba, na mara nyingi nyumba huondoka. Bima hiyo ina bei yake, lakini katika gharama zote za mkopo hii ndiyo ambayo hatungemshauri mtu aikwepe. Na mke ajue kila kitu: mkataba uko wapi, deni limebaki ngapi, bima ni ya nani. Siri ya deni ni mzigo anaoachiwa mtu asiyeweza kuuliza tena.

Je, kupanga si hasara pia?

Hapa msomaji mwenye busara atatupinga: «Mnalaumu riba, lakini kodi ya nyumba nayo si hurudi?» Asema kweli, nasi tumpe haki yake. Familia yetu ya mfano yalipa kodi ya dola 115 kwa mwezi. Kwa miaka 15 ni dola 20,700, hata kama kodi isingepanda kamwe, na mwishoni hawana hata mlango mmoja. Riba ya miaka 15 ni dola 23,200, na mwishoni wana nyumba. Ukiitazama hivyo, riba ni kama kodi: yule alipa kwa kutumia nyumba ya mwingine, huyu alipa kwa kutumia fedha ya mwingine. Mwenye kazi imara, riba ya wastani na mkataba safi hapotezi kwa kukopa.

Lakini njia si mbili tu, kukopa zote au kupanga milele. Turudi kwa Baba na Mama Furaha, tuone walivyokata shauri.

— Baba Furaha, asema Mama, tuna uwezo wa kutoa mia mbili arobaini kila mwezi, ndivyo ulivyosema. Basi tuanze kuzitoa leo, lakini tujipe sisi wenyewe.

Wakapanga hivi. Kwa miaka miwili wabaki katika nyumba ya kupanga: dola 115 za kodi, dola 125 za akiba. Baada ya miezi 24 wana dola 3,000 nyingine. Pamoja na zile za kwanza ni 6,000. Kisha wajenga sehemu ya kwanza ya nyumba, sebule na vyumba viwili chini ya bati, kwa dola 16,000. Wakopa dola 10,000 tu, kwa miaka 5, riba ileile ya 12 kwa mia. Malipo ya mwezi ni dola 222 na senti 44. Jumla ni kama dola 13,350. Riba ni 3,350. Deni likiisha, dola 222 zilezile za kila mwezi zajenga vyumba vilivyobaki, ambavyo vyahitaji dola 7,000, kwa muda usiofika miaka mitatu.

Tuhesabu. Nyumba yote imekamilika kabla ya mwaka wa kumi kwisha, wala si miaka 15. Riba ni dola 3,350; kodi ya miaka miwili ya kungoja ni dola 2,760; jumla ya gharama ni dola 6,110, badala ya 23,200. Tena rehani imekaa juu ya nyumba miaka mitano tu.

Hatufichi ugumu wa njia hii. Watoto wanne watalala katika chumba kimoja kwa miaka kadhaa. Bei ya vifaa yaweza kupanda wakati wa kungoja. Kwa hiyo ni vema sehemu ya akiba igeuzwe mapema kuwa mawe, matofali na mabati, vitu visivyooza. Saruji isinunuliwe mapema, kwa sababu unyevu huigandisha katika mfuko. Na akiba yataka mkono mgumu: harusi ya binamu itakuja, matanga yatakuja, na kila mtu atajua kwamba «mna fedha». Wengine husaidiwa na likelemba, wengine na ushirika wa akiba na mikopo. Wote wachague mahali panapojulikana kwa uaminifu, na wasiweke yai lote katika kiota kimoja.

Maswali saba kabla ya kutia sahihi

Twamalizia kwa maswali ambayo tungependa yakatwe katika ukurasa huu na kubandikwa ukutani:

1. Nitakuwa nimelipa ngapi kwa jumla siku ya mwisho, pamoja na gharama zote?
2. Riba ni ya mwaka au ya mwezi, nayo yaweza kubadilishwa katikati?
3. Yahesabiwa juu ya deni lililobaki, au juu ya mkopo wote?
4. Deni ni la fedha gani, na mshahara wangu ni wa fedha gani?
5. Baada ya miaka mitano nitakuwa bado nadaiwa ngapi?
6. Naweza kulipa mapema bila faini?
7. Nikifa au nikiugua, nani atalipa?

Asiyepata majibu saba yaliyoandikwa, asitie sahihi siku ile. Aseme kwa heshima: «Nitarudi kesho», kisha aende nyumbani akae na mwenzake mezani.

Familia nyingi zimepata nyumba kwa mkopo, na leo wazee wake wanakaa barazani kwa amani wakitazama wajukuu. Nyingine zimepoteza nyumba, si kwa uvivu, bali kwa kuuliza «kila mwezi ni ngapi?» bila kuuliza «mpaka mwisho ni ngapi?» Swali lile la pili halihitaji shule kubwa. Mama wa soko la Kadutu alilijua bila kufundishwa na mtu. Daftari ya mtoto na kalamu vyatosha, na jioni moja ya kukaa pamoja, baba na mama, kabla taa haijazimwa.